Barua ya wazi kwa waliofuta namba 5930 ukutani

Changamwe, Mombasa
12 Februari

Kwa Mkurugenzi Mkuu,
Mwenyekiti na Wajumbe wa Bodi.
Nakala: Meneja wa Masoko, Meneja wa Majengo, na yeyote aliyewahi kulala kwenye behewa la daraja la tatu.

Mheshimiwa Mkurugenzi, Waheshimiwa Wajumbe,

YAH: KUTUMIWA KWA PICHA ZANGU SITA BILA JINA, KUBADILISHWA KWA NAMBA YA INJINI, KUFUTWA KWA PICHA YA UKUTANI, NA SALIO LA MALIPO

Natumai barua hii itawakuta wazima. Ni ya tano. Ya kwanza niliituma kwa baruapepe. Ya pili na ya tatu nilizileta kwa mkono wangu, karani wa mapokezi akazigonga muhuri. Ya nne ililetwa na mpwa wangu wiki niliyolala na homa. Kwa miezi 14 nimepata majibu mawili tu: "Bosi yuko kwenye mkutano" na "Tutakupigia, mzee." Simu yangu sijaizima tangu siku hiyo. Sasa barua naiweka hadharani, ambako haina haja ya kupita mapokezi.

Jina la kampuni yenu sikuliandika, na nimefanya hivyo kwa makusudi. Nakala yenye jina, tarehe na mihuri mnayo. Kisa hiki si cha kampuni moja, na ningependa kila mwenye ukuta, kalenda na mchoraji asiyemlipa aisome akidhani ni yake.

Kwa wasionijua, mimi huchora magari ya moshi. Kodi ya nyumba ikibana huandika vibao vya vinyozi na vya mashine za kusaga unga, lakini kazi yangu hasa ni treni za mvuke, stesheni, karakana na watu wa relini. Picha zangu nazitia sahihi "Mwana Fayamani", kwa sababu ndivyo nilivyo. Baba yangu alikuwa fayamani, yaani mtunza moto wa injini, wa Reli ya Afrika Mashariki. Alitoka Same, upande wa Upare, akaja Mombasa kijana, akaoa Rabai, akazaa nyumba za reli. Mwaka 1977 Jumuiya ilipovunjika na reli ikagawanywa mafungu matatu, wenzake wengi wa kutoka Tanganyika walirudi kwao. Yeye alibaki kwa ajili yetu. Mpaka wa Kenya na Tanzania ukafungwa, ukaja kufunguliwa 1983, na katika miaka hiyo babu yetu alizikwa Upare baba akiwa huku.

Hayo nayasema mapema kwa sababu bila hayo hamtaelewa kwa nini mtu mzima anaandika barua tano kwa ajili ya tarakimu nne.

Miaka mitatu iliyopita mlikodisha bohari kuukuu karibu na reli ya zamani, mkalifanya ukumbi na mkahawa. Meneja wenu wa wakati ule, kijana mwenye adabu sana ambaye nasikia hayupo tena, alinikuta nikiuza picha kando ya barabara akaniuliza kama naweza kuchora "treni ile kubwa ya zamani". Nikamwuliza, ipi? Akacheka. Alidhani ni moja.

Tuliandikiana mkataba wa kurasa mbili: picha sita za rangi ya mafuta kwenye turubai, na picha moja ya ukutani yenye urefu wa mita 14 na kimo cha mita 3. Nilifanya kazi miezi mitano. Malalamiko yangu ni haya.

1. Mmekata sahihi yangu.

Kalenda yenu ya mwaka jana ina picha zangu zote sita, kila moja imetumika miezi miwili. Nimezikuta pia kwenye vikombe, kwenye fulana, na kwenye jalada la menyu, pale juu ya bei ya pilau. Sahihi iliyokuwa pembeni chini kulia haipo hata kwenye moja. Si kwamba imefifia. Aliyetengeneza kalenda amekata ukingo wa picha sentimita chache, kwa unyoofu, mahali palepale, mara sita. Nyuma ya kalenda kuna jina la kiwanda cha uchapishaji, jina la mpiga picha aliyezipiga picha zangu, na namba ya simu ya kuagiza keki. Mchoraji hayupo.

Ila kuna kitu hamkukiona. Kulikuwa na mchoraji mmoja wa Uingereza, Terence Cuneo, aliyefariki 1996, bingwa wa kuchora reli, aliyekuwa na desturi ya kuficha kipanya kidogo ndani ya picha zake. Niliposoma habari zake nilifurahi kama mtoto, nami nikatafuta kipanya changu. Nikachagua birika la baba. Lilikuwa birika la bati lenye mfuniko uliobonyea upande mmoja, kwa kuwa liliwahi kuanguka kutoka kwenye injini huko Mackinnon Road likaokotwa na gadi. Mafayamani walikuwa wakichemsha chai palepale kwenye chumba cha dereva, moto ukiwa haukosekani. Basi katika kila picha yangu birika hilo limo. Katika picha ya Januari na Februari limening'inia kwenye ndoano ya behewa la nyuma. Machi na Aprili, stesheni ya Voi usiku, limewekwa juu ya benchi karibu na mama mwenye kikapu. Mei na Juni litafuteni wenyewe. Picha zote sita, mabirika sita, na kila mfuniko umebonyea upande wa kushoto.

Kwa hiyo mkiniuliza nitathibitishaje kwamba kazi ni yangu, chukueni kioo cha kukuzia maandishi.

2. Mmebadilisha namba.

Hili ndilo lililoninyima usingizi, nami naomba mnivumilie nilieleze kwa urefu.

Injini niliyowachorea ukutani, na kwenye picha ya Julai na Agosti, ni ya daraja la 59. Zilijengwa na Beyer Peacock wa Manchester, zikaja hapa 1955 na 1956, zote 34. Ni Garratt: tangi la maji mbele, boila katikati, mafuta nyuma, na magurudumu yamegawanyika makundi mawili, moja mbele na jingine nyuma, ili chuma cha zaidi ya mita 31 kiweze kujikunja kwenye kona kama jongoo. Uzito wake tani 252. Hakukuwa na injini ya mvuke iliyokuwa kubwa kuliko hizi kwenye reli ya upana wa mita moja, popote duniani. Zilivuta mizigo kutoka hapa usawa wa bahari hadi Nairobi, zaidi ya mita 1,600 juu. Kila moja ilikuwa na namba, na kila moja ilipewa jina la mlima wa Afrika Mashariki.

Namba 5930 iliitwa Mount Shengena. Shengena ndiyo kilele cha Upare Kusini, mita 2,462, na baba yangu alizaliwa chini yake. Hebu fikirini. Kijana ametoka kwao kutafuta kazi, amefika Mombasa asikojulikana, siku moja anapangiwa zamu, anainua macho anakuta mlima wa kwao umeandikwa ubavuni mwa chuma. Alikuwa akisema, "Nimeukimbia mlima, nao umenifuata kwa reli." Alilisema hilo mpaka tukalichoka. Alipofariki tukalitamani.

Kati ya injini hizo 34 zimesalia mbili, 5918 Mount Gelai na 5930 Mount Shengena, zote ziko kwenye jumba la makumbusho la reli Nairobi. Nilikwenda kwa basi mara tatu kwa ajili ya picha yenu, kwa nauli yangu. Nilikaa chini mbele ya 5930 na daftari na futi ya fundi. Nilihesabu ribiti. Nilichora bomba la moshi kama lilivyo, kwa sababu watu wengi wanaochora injini hizi huweka bomba la duara, na hizi zilikuja kuwekewa bomba la aina ya Giesl, jembamba ukilitazama kwa mbele na refu ukilitazama ubavuni, kama kisu kilichosimamishwa. Asiyejua hatajali. Lakini pale mkahawani kwenu alikuja mzee mmoja aliyestaafu karakana, akasimama mbele ya ukuta bado rangi haijakauka, akasema, "Huyu amelikumbuka bomba." Malipo mengine yote mliyonipa hayajafikia hayo maneno.

Sasa fungueni kalenda, Julai. Namba ya injini ni 2019. Nilidhani macho yananidanganya, nikavua miwani nikaifuta. Ni 2019, mwaka wa kuanzishwa kampuni yenu. Na palipokuwa na bamba la jina la Mount Shengena pana nembo yenu, kijani, na ile tabasamu yake.

Waheshimiwa, hakukuwa na injini namba 2019 ya umbo lile. Mtoto akiiona 5930 kwenye picha, siku akipelekwa Nairobi ataikuta yenyewe imesimama, ataigusa, atapanda ngazi. Akiiona 2019 ataitafuta wapi? Mlikuwa na kitu cha kweli mkononi, mkakifanya tangazo.

3. Mmefuta ukuta.

Mwezi Desemba wa mwaka juzi nilipigiwa simu na mpishi wenu mmoja, mtu mwema, akanambia, "Mzee njoo, wanapaka." Nilipanda matatu nikafika saa tatu na nusu asubuhi. Wapaka rangi wawili walikuwa juu ya jukwaa na rola, ndoo mbili za rangi ya krimu chini. Walishamaliza tangi la mbele na nusu ya boila. Nikawauliza nani kawaambia. Mkubwa wao akaniangalia kwa huruma: "Mzee wangu, mimi nimeambiwa nipake tu." Sikugombana naye. Mimi pia nimeshapaka kuta za watu.

Nilisimama. Koti la kwanza halikufunika vizuri. Chini ya krimu injini ilikuwa bado ipo, kama treni kwenye ukungu wa alfajiri pale Mazeras, na tarakimu za ubavuni, nilizozipaka rangi ya dhahabu mara tatu, zilikuwa zinasomeka zote nne. Wakaenda kunywa chai. Walipopaka koti la pili, 5 ilipotea, ikafuata 3, halafu 0. Ile 9 ilichelewa. Nilikaa mpaka nayo ikaenda.

Hakuna aliyeniita kabla. Hakuna aliyesema, "Mzee, tunabadilisha sura ya ukumbi, njoo angalau upige picha." Picha pekee ya ukuta mzima niliyo nayo ilipigwa na simu ya mpishi, na ndani yake kuna mtu amebeba sinia.

4. Salio.

Tulikubaliana shilingi 180,000. Mmelipa 108,000. Zimebaki 72,000, na ankara mnazo. Sina zaidi ya kusema hapo.

Sasa naomba nijibu mapema mtakayoyasema, kwa kuwa mengine nimeshayasikia kwa watu wa kati.

Mtasema: tuliagiza kazi, kwa hiyo ni mali yetu. Hoja hiyo ina mguu, sikatai. Sheria yetu ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inasema kazi iliyoagizwa huhesabika kuwa haki zake zimehamia kwa aliyeagiza, isipokuwa pale pande mbili zimekubaliana vingine. Sisi tulikubaliana vingine. Kifungu cha nne cha mkataba wetu, ukurasa wa pili, kinasema picha hazitachapishwa kwenye bidhaa yoyote bila makubaliano mapya ya maandishi. Kiliandikwa na yule kijana wenu, mimi sikukiomba, na Mungu ambariki. Lakini hata kifungu hicho kisingekuwepo, sheria hiyohiyo, kifungu cha 32, inampa mwenye kazi haki ya kutajwa kuwa ni yeye aliyeifanya, na haki ya kupinga kazi yake isiharibiwe wala kugeuzwa kwa namna ya kumvunjia heshima. Haki hiyo haiuzwi pamoja na turubai. Ukinunua ng'ombe hununui jina la mfugaji.

Mtasema: injini si yako, ni ya umma, kila mtu anaweza kuichora. Kweli kabisa. Ichoreni. Tafuteni mtu aende Nairobi akae juani na futi. Mlichochapisha si injini, ni mkono wangu.

Mtasema: tumekutangaza. Bila jina?

Mtasema kwamba aliyefuta ni mkandarasi. Mkandarasi hakujinunulia rangi ya krimu kwa mapenzi yake.

Kuna jibu moja, hata hivyo, ambalo halinifanyi nicheke, na nalipatia nafasi yake. Ofisa wenu mmoja wa masoko, dada mwenye akili, alinambia kwenye ngazi, kwa upole: "Mzee, hizi treni za moshi ni mambo ya wakoloni. Wateja wetu wanataka mbele." Nilirudi nyumbani nikalifikiri neno hilo kwa siku kadhaa. Si la kupuuzwa.

Ni kweli reli ile haikujengwa kwa ajili yetu. Ilianza hapa Mombasa 1896, ikafika Nairobi 1899 na ziwani Kisumu 1901, kwa ajili ya Uganda na mto Nile na hesabu za London. Walioletwa kutoka India kuijenga walikuwa takriban 32,000, na waliokufa wanakaribia 2,500. Kila mtalii anajua habari za simba wa Tsavo wa mwaka 1898, lakini muulize aliyekufa kwa malaria na kuhara alizikwa wapi. Kule Nandi, watu walipinga chuma kisipite kwao, na kiongozi wao Koitalel arap Samoei akauawa Oktoba 1905 alipoitwa kwenye mazungumzo. Mimi nayajua haya. Mtu akisema moshi wa treni unanuka damu, simbishii. Hata ule wekundu wa injini za Afrika Mashariki sisi twauita damu ya mzee.

Lakini dada yangu, uliutazama ukuta kabla hamjaufuta? Gavana alikuwa wapi? Hakuwemo. Mzungu mwenye kofia alikuwa wapi? Hakuwemo. Mbele ya injini nilichora kundi la mafundi wa reli na nyundo zao, mataruma begani. Dirishani alikuwa dereva Singasinga, kwa sababu madereva wale ndio waliozipenda injini mpaka wakazing'arisha kama vyombo vya harusi, na kivuli chake kwenye chuma kilionekana. Kando yake fayamani Mpare. Chini, mama wa Kidigo anauza mihogo ya kuchoma, na kibarua amelala juu ya mkeka akisubiri zamu. Kama ni mambo ya wakoloni, mbona ndani yake wamejaa wazazi wetu? Walioijenga na walioiendesha hawakuandika vitabu wala hawakuwekewa sanamu. Alichobaki nacho baba yangu ni kitambulisho cha kazi, kovu la mvuke kwenye kiwiko, na hiyo 5930. Nyinyi mkiifuta hamumfuti mkoloni. Yeye amejaa kwenye maktaba.

Na hilo la "mbele" nalo, treni mpya imeanza kupita tangu 2017, nami nimeshaichora mara mbili, pale Miritini, machweo. Ni nzuri. Haina pa kutundikia birika, basi.

Nitoke kidogo nje ya mada. David Shepherd, yule Mwingereza aliyesifika kwa kuchora ndovu na treni, alikuja Kenya 1949 akitaka kazi ya kulinda wanyama, wakamkataa. Alikwenda Malindi, akafanya kazi hotelini, akachora ndege akauza apate nauli ya kurudi kwao. Mwaka 1967, kwa pesa za picha, alinunua injini mbili nzima za mvuke kutoka shirika la reli la kwao, ili zisikatwe kuwa vyuma chakavu. Mbili! Mimi siombi injini. Picha zangu sita na ukuta mmoja hazijaninunulia hata mabati ya kuziba paa la chumba ninachochoria, na mvua ya Novemba iliingia ikanilowesha turubai la stesheni ya Makindu, mnara wa hekalu ukachuruzika mpaka kwenye reli.

Ninachoomba, Waheshimiwa, ni hiki:

(a) Bidhaa zote zenye picha zangu zilizobaki dukani zisimamishwe mpaka jina "Mwana Fayamani" liandikwe. Kwa kalenda zilizokwisha kugawiwa, tangazo dogo kwenye mlango wa mkahawa na kwenye kurasa zenu litanitosha.

(b) Nipewe hesabu ya vikombe, fulana na kalenda zilizouzwa, tukae tukubaliane fungu langu kama kifungu cha nne kinavyosema. Sitakuja na bei ya kuwakomoa. Nitakuja na mtoto wa dada yangu anayejua hesabu.

(c) Salio la shilingi 72,000 lilipwe.

(d) Turubai sita ziangaliwe. Nimeambiwa tatu ziko stoo, zimeegemezwa ukutani nyuma ya viti vya plastiki. Kama hamzitaki, nirudishieni hizo tatu na tukate bei kwenye fungu (b). Kama mnazitaka, zitundikwe mbali na jiko. Mvuke wa jikoni unakula rangi ya mafuta kuliko ule wa treni.

(e) Ukuta. Hapa ndipo ninapowaomba kwa heshima zote. Krimu hiyo ni rangi ya maji, ya bei ya chini, na chini yake nilipaka vanishi koti mbili. Nimejaribu nyumbani kwenye kipande cha ubao nilichokipaka vilevile: kwa kitambaa chenye maji ya uvuguvugu na sabuni, na subira, koti la juu linatoka bila kuidhuru picha. Nipeni siku kumi, usiku mkahawa ukifungwa, nami nitaifungua injini yenyewe, pole pole, kuanzia namba. Sidai malipo kwa kazi hiyo. Naomba ngazi, taa, na funguo ya mlango wa nyuma.

(f) Kalenda ya mwaka ujao, ikiwa mtaitoa na picha zangu kwa makubaliano, 2019 irudi kuwa 5930.

Nawapa siku 21 kuanzia leo. Zikipita kimya, nitapeleka mkataba, kalenda, mihuri yenu ya mapokezi na kile kioo cha kukuzia kwa Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, na hapo tutazungumza kupitia watu wengine. Nisingependa. Mkahawa wenu una chai nzuri, na wale wazee wa karakana wamezoea kukaa pale Ijumaa baada ya swala, ingawa siku hizi wanakaa wamegeuzia ukuta mgongo.

Vitambaa nimeshavinunua. Na kama pale kwenye tangi la mbele, walipoanzia na ndoo iliyokuwa bado nzito, rangi itakuwa imeng'ang'ania, nimeshachanganya lita mbili za damu ya mzee. Wekundu ule hauuzwi kwenye kopo, na ukikaa zaidi ya mwezi hugeuka kahawia.

Wenu katika kazi,

Mwana Fayamani
Mchoraji wa magari ya moshi
Changamwe